UZI: Kimi ni Todoke, kipindi cha kwanza. Binti aliyepewa jina la mzimu

BintiKariakoo, saa 3:12 usiku

Wakuu, habari za usiku.

Najua jukwaa hili ni la tamthilia za Wakorea na Waturuki, na mada ya Mjapani ikiwekwa humu huzama kabla chai haijapoa. Leo naomba mnivumilie. Nimetoka kumaliza kipindi cha kwanza cha Kimi ni Todoke, ile drama ya 2023 ya TV Tokyo na Netflix, vipindi 12 tu, na nimeshindwa kulala mpaka niongee na mtu. Mume wangu nimeshamsimulia, kaitikia "mh" mara nne kisha kakoroma.

Kisa chenyewe ni chepesi. Kuna binti anaitwa Kuronuma Sawako, kaanza sekondari ya juu. Nywele ndefu nyeusi zinamfunika uso, kapauka, sauti iko chini chini, na akijitahidi kutabasamu ndiyo kabisa watu wanarudi nyuma hatua mbili. Basi wenzake wamemgeuza jina. Badala ya Sawako wanamuita Sadako. Na Sadako ni yule mzimu wa Ring, anayetoka kisimani akatambaa mpaka nje ya televisheni. Riwaya yake Suzuki Koji aliitoa 1991, filamu ikaja 1998, na Wamarekani walipoirudia 2002 wakambatiza Samara. Wengi wenu mlimuona huyo Samara mkalala na taa imewashwa, msijifanye.

Sasa vuta picha una miaka kumi na tano, unaingia darasani asubuhi, unasema "habari za asubuhi", na mtu anakuomba radhi kama vile umemjia ndotoni. Wanasema ukimtazama machoni sekunde 3 utapatwa na balaa. Wanasema anaona mizimu. Yeye haoni chochote, maskini, na kinachomsikitisha ni kwamba kawaangusha, hana hata mzimu mmoja wa kuwaonyesha.

Na huyu mtoto hana kinyongo! Kajiwekea nadhiri ya kutenda jema moja kila siku. Takataka anatupa yeye, maua anamwagilia yeye, kazi ambayo darasa zima limeikwepa anainua mkono yeye.

Halafu yuko Kazehaya Shota. Kila mtu anampenda, walimu, wavulana, wasichana. Siku ya kwanza ya shule alipotea njia, Sawako akamwelekeza, akamshukuru kwa tabasamu. Basi. Hilo tu ndilo lililotokea. Lakini huyu ndiye mtu darasani anayemuita "Kuronuma". Jina lake. Hapo nimerudisha nyuma mara tatu, na sijui kwa nini machozi yalinitoka kwa mtu kuitwa jina la baba yake.

Tuendeni nayo pole pole, kipindi kimoja kimoja. Sheria ni moja: anayejua ya mbele afunge mdomo.

FundiRedio, saa 3:40 usiku

Nimejaribu. Dakika ishirini nikazima. Dada, hawa watu hawaongei! Wanatazamana, upepo unapita, nywele zinapepea, anafungua mdomo aseme, kengele inagonga, wanaenda nyumbani. Kwa Mkorea muda huo mama mkwe kashammwagia mtu maji usoni na bahasha ya hela iko mezani.

KakaMvita, saa 3:52 usiku

Fundi, wewe wataka kila kitu kitiwe pilipili. Hiki ni chakula cha nazi bwana, chapikwa kwa moto mdogo.

Mimi nimeitizama na dadangu mdogo. Swali moja tu, kwani hakuna ile iliyotafsiriwa na madijei? Maanake maandishi ya chini yaenda mbio na mamangu naye ataka kutizama.

BintiKariakoo, saa 3:55 usiku

Usithubutu! Dijei ataua kila kitu. Kazehaya akinyamaza sekunde kumi, dijei kashaongea ishirini, kashamtongozea, kashamuozesha na mahari kapokea.

Mgeni_Nagoya, saa 5:26 usiku

Salaam wakuu. Huku ni alfajiri, nasubiri treni ya kwanza kwenda zamu. Niko Japani mwaka wa sita, naomba nichangie maana kuna vitu kwenye kipindi hicho mtu wa nyumbani vinampita.

La kwanza ni hilo la jina lililomliza mleta uzi. Huku watu huitana kwa jina la ukoo, na nyuma yake unabandika kipande cha heshima: "-san" kwa watu wengi, "-kun" hasa kwa mvulana, "-chan" kwa mtoto au mtu wa karibu. Ndiyo maana Sawako anasema "Kazehaya-kun" kila mara, na yeye anasema "Kuronuma". Jina la kwanza ni la nyumbani na la marafiki wa ndani. Wapo watu nimefanya nao kazi miaka minne, jina lao la kwanza nililiona siku walipooa, kwenye kadi. Kwa hiyo mvulana kumuita Kuronuma si mahaba. Ni kumuweka kwenye daftari la watu, sawa na wengine. Na hicho ndicho alichokuwa amekikosa.

Sasa tazameni majina yenyewe yalivyoandikwa. Kuro ni nyeusi, numa ni kinamasi. Binti anaitwa Kinamasi Cheusi, masikini, hata ukoo haukumsaidia. Lakini Sawako limeandikwa kwa herufi yenye maana ya kitu kinachoburudisha, kama hewa ya asubuhi baada ya mvua. Na Kazehaya? Kaze ni upepo, haya ni kasi. Huyo kijana watu wote wanamsifu kuwa ni "sawayaka", yaani mtu wa kuburudisha, na hilo neno huandikwa kwa herufi ileile iliyoko kwenye jina la Sawako. Ina maana sifa wanayompa mvulana imekaa kwenye jina la binti muda wote, ila hakuna anayelisoma. Waandishi wa huku hufanya michezo ya namna hii, na tafsiri haiwezi kuibeba.

La pili ni ule mchezo wa usiku wa kujaribu ujasiri, darasa lao linaoucheza kwenye kipindi hicho. Unaitwa kimodameshi. Wanafunzi wanapita gizani wawili wawili au kwa vikundi, na mwenzao mmoja kajificha awatishe. Mtanishangaa nikiwaambia huo ni mchezo wa kiangazi. Hadithi za mizimu huku ni za Julai na Agosti, wakati wa joto. Katikati ya Agosti ndiyo Obon, siku ambazo roho za wazee waliofariki hurudi nyumbani kuwatembelea watu wao, na pia wanasema hadithi ya kutisha inakupa baridi mgongoni. Joto la Nagoya mwezi wa nane ukilionja, utaomba na wewe utishwe.

Sawako kujitolea awe mzimu, na kufurahi, hapo ndipo mimi niliumia. Kapata kazi ambayo sura yake inafaa.

La tatu nitalisema baadaye, treni imefika.

Shangazi_Mkali, saa 12:20 asubuhi

Nimeamka na huu uzi. Nina la kusema na sitalipaka sukari.

Mmemwagika machozi kwa sababu kijana mzuri mwenye jina la upepo kamtazama binti. Na asingemtazama? Darasa zima lina watoto, walimu wapo, wote wamekaa na hilo jina la mzimu, mpaka aje mvulana anayependwa na kila mtu ndiyo binti awe mtu. Hiyo hadithi naijua tangu enzi za bibi yangu. Binti jalalani, mwana wa sultani anapita na farasi. Wamebadilisha farasi wakaweka sare ya shule.

Na hao waigizaji, Suzuka Ouji anayecheza Kazehaya ni wa 2000, Minami Sara anayecheza Sawako ni wa 2002. Mvulana wa miaka 23 anapotea njia ya kwenda shule.

BintiKariakoo, saa 1:05 asubuhi

Shangazi shikamoo. Hilo la umri nimecheka, ila la farasi nakataa. Kumbuka nani alimuonyesha nani njia. Aliyepotea ni yeye Kazehaya. Sawako ndiye aliyekuwa anajua shule iko wapi.

Shangazi_Mkali, saa 1:09 asubuhi

Marahaba. Hoja yako nimeiona. Bado namtazama kwa jicho moja.

MsomaManga, saa 2:30 asubuhi

Nimechelewa kwenye uzi wangu mwenyewe jamani! Hii hadithi naishi nayo tangu 2011.

Kwa wasiojua, hii drama imetoka kwenye manga, yaani hadithi ya picha ya Kijapani, ya Shiina Karuho, mama wa Hokkaido, na hadithi yenyewe iko huko huko Hokkaido, kaskazini kwenye theluji. Ilianza 2005 kama hadithi fupi, ikawa ndefu, ikaisha 2017 na vitabu 30. Mwaka 2008 ilichukua tuzo ya Kodansha, kampuni ya kuchapisha vitabu, kwa manga za wasichana. Katuni yake ilitengenezwa na studio ya Production I.G kuanzia 2009, na msimu wa tatu ukaja 2024, miaka kumi na tatu baada ya wa pili. Sisi tulioukubali msimu wa pili kuwa ndiyo mwisho, tukaolewa, tukazaa, siku hiyo tulipiga vigelegele jikoni watoto wakatushangaa. Kuna na filamu ya 2010, Tabe Mikako na marehemu Miura Haruma. Huyo Haruma alifariki Julai 2020 na mimi mpaka leo filamu ile siwezi kuirudia.

Shangazi, nakujibu kwa sura ya kwanza ya manga. Kwenye ule mchezo wa usiku waliweka adhabu kwa atakayeshika mkia. Kazehaya akashika mkia maana alikaa kuongea na Sawako gizani. Wenzake wakaropoka adhabu: atembee na Sadako wiki moja kama mpenzi wake. Utani wa watoto, hakuna mwenye nia mbaya. Kazehaya akakasirika, akawaambia huwezi kumfanya msichana awe adhabu. Hapo kila mtu anamkumbuka Kazehaya. Mimi namkumbuka Sawako. Aliyeitwa adhabu ni yeye, lakini kilichomtia hofu ni watu kumfikiria Kazehaya vibaya kwa ajili yake, akasimama mbele ya wote kumtetea. Mtoto ambaye kuomba kalamu tu hawezi. Halafu atakuja yule Kurumi, huyo sasa

BintiKariakoo, saa 2:33 asubuhi

SIMAMA HAPO HAPO. Nilisema nini juu?

MsomaManga, saa 2:34 asubuhi

Nimesimama. Samahani. Vidole viliteleza.

KakaMvita, saa 2:50 asubuhi

Nani Kurumi?

BintiKariakoo, saa 2:51 asubuhi

Hakuna mtu anaitwa Kurumi. Tuendelee.

FundiRedio, saa 4:15 asubuhi

Sawa, mmenishawishi, nimemalizia kipindi na nimegusa cha pili kidogo. Bado ni pole pole kama foleni ya maji. Ila swali kwa ndugu wa Nagoya. Hilo jina Kimi ni Todoke maana yake nini? Kiingereza wameandika "Kutoka Kwangu Kwenda Kwako", imekaa kama bahasha ya posta.

Mgeni_Nagoya, saa 7:48 mchana

Nimetoka zamu. Fundi, umeuliza swali zuri.

Kimi ni wewe. Hiyo "ni" ndogo ya katikati maana yake "kwa". Todoke linatoka kwenye kitenzi todoku, kufika, kumfikia mtu, kama barua inavyofika au sauti inavyofika. Hapa limewekwa kama kuomba au kuamrisha: fika! Lakini fika nini? Hawasemi. Kijapani kinaruhusu kuliacha hivyo hewani. Kiingereza kinakosa pa kulishika.

Kiswahili kinaweza. Neno moja tu: Zikufikie. Hiyo "zi" ya mbele inajua kuna hisia, kuna salamu, na haikulazimishi uzitaje.

KakaMvita, saa 7:59 mchana

Subhanallah. Kama salamu za redioni! "Zimfikie Mwanaisha wa Majengo popote pale alipo, na akisikia asikie kuwa..."

FundiRedio, saa 8:02 mchana

Weee! Hapo sasa nimeielewa drama nzima. Marehemu baba alikuwa akijaza zile kadi za salamu kila Ijumaa, anaandika majina kumi na tano, na jina la mama analiweka la kumi na mbili ili watu wasijue. Kumbe alikuwa Mjapani.

Mgeni_Nagoya, saa 8:20 mchana

Hahaha, baba yako alikuwa Kazehaya kabisa.

Sasa lile la tatu, na linahusu kipindi cha pili mlikoanza kuchungulia, kwa hiyo nitagusa bila kuharibu. Shule za huku wanabadilisha viti. Inaitwa sekigae. Muhula ukianza, au mwezi, mwalimu anaamua, mnapiga kura kwa vikaratasi, namba uliyopata ndiyo dawati lako. Mtu mmoja dawati moja. Nani kakaa jirani yako ni jambo zito kuliko mtihani, kwa sababu huyo ndiye utakayeangalia naye kitabu, ndiye utakayefanya naye usafi. Watoto huku wanafagia na kupiga deki madarasa yao wenyewe. Sasa katika darasa linaloamini kuwa binti ana mkosi, vuta picha siku ya vikaratasi. Niishie hapo.

MwanaTanga, saa 10:37 jioni

Mimi huwa nasoma tu humu, siandiki. Leo naandika kwa sababu ya hayo madawati.

Darasa la tano, Tanga. Madawati yetu yalikuwa ya mbao, ya kukaa watoto watatu, na tulivyokuwa wengi mengine walikaa wanne, wa pembeni kalio moja liko nje. Mimi nilikuwa nakaa peke yangu.

Jina langu lilikuwa Bundi. Lilianza hivi: wiki aliyofariki babu, bundi alitua juu ya bati letu usiku, na mimi kwa ujinga wa kitoto nikaenda kulisimulia shuleni kama kitu cha ajabu. Nina macho makubwa pia, na nilikuwa siongei sana. Ikaisha hapo. Nikimtazama mtu anatema mate kifuani kwake mara tatu. Mpira ukinigusa unaoshwa. Wala hawakunipiga, hakuna aliyenipiga hata siku moja, ndiyo maana nyumbani sikuwa na cha kushtaki. Ningesema nini? "Mama, wamenipa nafasi kubwa ya kukaa"?

Siku moja mwalimu mwenyewe akasema, "Bundi, futa ubao." Hakuwa na nia mbaya, nadhani alikuwa amesahau. Nikaenda nikafuta.

Muhula wa pili akaja mtoto wa uhamisho kutoka Korogwe. Hana habari. Ameshika daftari zake kwenye mfuko wa Rambo, kamba imekatika kaifunga fundo. Akasimama pembeni ya dawati langu akauliza, "Hapa pana mtu?"

Nilishindwa kumjibu. Kwa sababu swali lile nililisikia vingine. Nilikaa natafakari kama hapa pana mtu au hapana.

Akakaa tu. Mpaka leo ni rafiki yangu, ana duka la vitenge, wala si mvulana mwenye jina la upepo. Shangazi Mkali, naona hoja yako, ni kweli wakati mwingine tunaandikiwa kuwa lazima aje mwanamume. Lakini mimi nilivyomtazama Kazehaya sikuona mwanamume. Nilimuona yule mtoto na mfuko wake wa Rambo.

Shangazi_Mkali, saa 10:50 jioni

Nimekusoma, mwanangu. Nimesoma mara mbili.

Jicho la pili nimelifungua. Nitaendelea na drama.

MsomaManga, saa 11:04 jioni

MwanaTanga, usiache kuitazama. Kuna wasichana wawili wa darasa lile, Yano na Yoshida, mmeshawaona pembeni kwenye kipindi cha kwanza. Sisemi kitu. Nasema tu kwamba ukiniuliza mapenzi makubwa ya hadithi hii yako wapi, sitaanza na Kazehaya.

BintiKariakoo, saa 11:06 jioni

Hilo nalipitisha, maana halijaharibu kitu. MwanaTanga, pole sana dada, na ahsante. Sikutegemea uzi ufike huku. Nilidhani tutabishana kuhusu nywele.

KakaMvita, saa 11:30 jioni

Dadangu naye ana la kuuliza, mwaniwia radhi. Asema mbona Sawako hatengenezi nywele tu? Akizibana kwa nyuma, uso utaonekana, mambo yaisha.

Mgeni_Nagoya, saa 1:10 usiku

Mwambie dada kuwa hata akizibana hawatamuona. Wameshaamua wanachokiona. Na ukitazama vizuri, kile kinachobadilisha mambo kwenye kipindi hicho cha kwanza ni yeye kufungua mdomo. Anaanza kusema: mimi si Sadako, ni Sawako, mizimu siioni. Kwa mtu wa kawaida hiyo ni sentensi ya sekunde tano. Fundi analalamika kuwa watu hawaongei. Huyu binti kutoa sentensi hiyo ni sawa na mwingine kuvuka mto wenye mamba.

FundiRedio, saa 3:45 usiku

Wakuu, nimerudi, na leo sina utani.

Tangu jioni nilipomsoma MwanaTanga sijafanya kazi. Redio ya mtu iko wazi mezani, skrubu zimetapakaa, mwenyewe kaja kuifuata nikamwambia kesho.

Kidato cha pili tulikuwa na msichana tukimuita Mochwari. Mikono yake ilikuwa ya baridi. Siku ya kwanza mtu alimshika mkono akaruka, akasema "huyu katoka mochwari", tukacheka, likashika. Miaka mitatu. Mimi ndiye niliyelisema. Sijawahi kulifikiria kuwa ni kitu, lilikuwa utani, na yeye alikuwa anaitikia. Ukiita "Mochwari!" anageuka.

Leo nimekaa nikasema ngoja nimtafute, hata nimsalimie tu. Nikagundua sina jina lake.

Nimeuliza kwenye grupu la WhatsApp la darasa letu. Tuko watu 43. Dakika tano majibu yamejaa, "Mochwari! Yuko wapi Mochwari siku hizi?", vicheko, mmoja anakumbuka alikaa dirishani, mmoja anakumbuka alikuwa anasaidia watu hesabu. Jina hakuna. Nikatafuta picha ya kumaliza shule, nikaigeuza nyuma tulikoandika majina kwa kalamu. Tuliandika ya utani, yote. Langu limeandikwa Spana. Lake limeandikwa hilohilo.

MwanaTanga, saa 3:58 usiku

Spana, ulijaribu kuuliza walimu?

FundiRedio, saa 4:02 usiku

Mwalimu wa darasa alishafariki. Yupo wa michezo, naye kanijibu "yule Mochwari?"

BintiKariakoo, saa 4:06 usiku

Kuna mtu yeyote aliyekuwa na biashara pale shuleni? Hao huwa hawasahau, maana kuna waliokopa.

FundiRedio, saa 4:31 usiku

Mama yangu. Alikuwa anauza vitumbua getini, sijui kwa nini sikumfikiria. Nimempigia, nimemuamsha.

Nikamwambia mama, unamkumbuka msichana mmoja mwembamba, mikono ya baridi, alikuwa darasani kwetu? Nikaona aibu kutaja lile jina, nikalimeza.

Mama hakufikiri hata kidogo. Kasema, "Si Zuhura? Aliyekuwa akinisaidia kubeba ndoo asubuhi. Anakuja mapema kabla yenu wote. Kwani kapatwa na nini?"